MTEMBEZI HULA MIGUU YAKE: NAMTETEA MCHEZAJI WA KUHAMAHAMA



Katika muhula wa kwanza chama chetu kiliandaa mjadala baina ya kidato cha tatu na kidato cha nne. Mada ilikuwa: "Kandanda si kazi, ni mchezo tu." Waliounga mkono walishinda kwa kura nyingi. Mimi sikuwa msemaji siku hiyo, lakini nilisikiliza kwa makini, na nikaona kwamba pande zote mbili ziliacha jambo kubwa bila kuligusa. Ndiyo maana nimeshika kalamu.

Wapinzani walimtaja Victor Wanyama, aliyezichezea Celtic, Southampton na Tottenham. Wakamtaja Michael Olunga, aliyekuwa mfungaji bora wa ligi kuu ya Japani mwaka 2020 kwa mabao 28. Wakashangiliwa, wakaketi. Waungaji wakasimama wakauliza: hao ni wawili, je, wale maelfu wengine waliotupa vitabu wakafuata mpira wako wapi? Wakajijibu wenyewe: "Wako vijiweni!" Ukumbi mzima ukaangua kicheko, na kura zikapigwa.

Sasa nawauliza, jamani: ni kweli kwamba duniani kuna nyota na watu wa vijiweni peke yao? Mbona hakuna aliyemtaja mtu wa tatu? Huyu ni yule anayelipwa kwa kucheza mpira lakini hana picha ukutani. Leo yuko klabu hii, msimu ujao yuko nyingine, mwaka wa tatu amevuka mpaka. Hanunuliwi kwa mamilioni. Anatafutwa kwa sababu beki wa kushoto wa mtu fulani amevunjika mguu na ligi inaanza wiki ijayo. Anafika na begi lake, anacheza, analipwa au halipwi, anaondoka. Huyo ndiye ninayemwita mchezaji wa kuhamahama, na maoni yangu ni kwamba yeye ndiye mchezaji hasa wa kulipwa. Ukitaka kujua kama kandanda ni kazi, usimwangalie Olunga. Mwangalie huyu.

Watu hawa hawapatikani kwetu peke yake. Kule Kanada na Marekani kuna mchezo wa magongo unaochezwa juu ya barafu, wachezaji wakiwa wamevaa viatu vya kuteleza. Msicheke, hata sisi Kenya tuna timu yake. Uwanja wa barafu ulifunguliwa mwaka 2005 katika Hoteli ya Panari, Barabara ya Mombasa jijini Nairobi, na timu ya Ice Lions iliyozaliwa hapo ilialikwa Kanada mwaka 2018. Basi katika ligi kuu ya mchezo huo, NHL, alikuwako Mkanada aitwaye Mike Sillinger. Hakuwa nyota wa kutisha. Lakini kabla ya kustaafu mwaka 2009 alikuwa amezichezea timu 12 tofauti za ligi hiyo, jambo lililokuwa rekodi, na mechi zake zilipita 1,000. Timu 12! Kila mara alifungasha virago, akawahamisha watoto, akajifunza majina ya wenzake wapya. Je, mtu aliyehitajiwa na timu 12 ni mtu aliyeshindwa? Mimi naona kwamba timu 12 zilitazama soko lote na zikamtaka yeye.

Turudi kwetu. Chukueni mfano wa Allan Wanga. Mwaka 2007 alikuwa mfungaji bora wa ligi kuu ya Kenya akiwa Tusker. Akaenda Angola kuichezea Petro Atlético ya Luanda. Baadaye miguu yake ikampeleka Azerbaijan katika klabu ya Baku, na Vietnam katika Hoang Anh Gia Lai. Akarudi nyumbani akachezea Sofapaka na AFC Leopards. Akaondoka tena kwenda El Merreikh ya Sudan, kisha mwaka 2015 akaingia Azam ya Dar es Salaam. Mwisho wa safari akawa Kakamega Homeboyz, hapa hapa kwetu magharibi, na akapewa kazi katika idara ya michezo ya Kaunti ya Kakamega. Hebu hesabuni nchi hizo kwa vidole. Ni Wakenya wangapi wenye digrii zao ambao wameajiriwa katika nchi sita?

Ng'ambo ya mpaka wetu yuko Emmanuel Okwi wa Uganda, na kisa chake kina funzo lenye miiba. Januari mwaka 2013 Simba ya Tanzania ilimuuza kwa Étoile du Sahel ya Tunisia kwa dola 300,000 za Marekani. Watu wakasema, kijana ametoka! Lakini haukupita muda mrefu kabla ya ugomvi wa malipo kuzuka baina yake na klabu ile, na Simba nayo ikawa inadai fedha zake. Okwi akakwama katikati. Ilibidi FIFA imruhusu kurudi kucheza SC Villa ya Kampala wakati kesi ikiendelea. Kutoka hapo akaenda Yanga, akarudi Simba, mwaka 2015 akaenda SønderjyskE ya Denmark, akarudi Villa, akarudi Simba tena. Na hiyo Simba ya mara ya tatu ndiyo aliyoifungia mabao 20 katika msimu wa 2017/18 akawa mfungaji bora wa ligi ya Tanzania. Baadaye akacheza Misri, Rwanda na Iraq. Kama angekata tamaa mwaka 2013 kwa sababu watu wa mtaani walimcheka kwamba "amerudishwa", hayo mabao 20 angeyafunga nani?

Hata dada zetu wamo. Esse Akida wa Harambee Starlets amecheza Israeli, Uturuki na Ugiriki. Vihiga Queens walitwaa ubingwa wa CECAFA mwaka 2021 na kwenda Cairo katika Ligi ya Mabingwa ya wanawake ya kwanza kabisa barani Afrika. Kwa hiyo wasichana wa shule hii msidhani makala haya ni ya wavulana.

Lakini jambo linaloniudhi zaidi ni hili. Sisi watu wa Busia na Malaba ndio tungepaswa kuwa wa kwanza kumwelewa mchezaji wa namna hii, maanake sote tunaishi kwa kuhamahama. Ukisimama kando ya barabara pale Malaba utaona malori yamepangana hadi macho yachoke. Dereva ametoka Mombasa, anaelekea Kampala, Kigali au Juba. Leo anaendesha lori la tajiri huyu, mwakani la tajiri yule. Nani amewahi kumwambia dereva kwamba ameshindwa maisha kwa sababu hakukaa na tajiri mmoja? Na boda boda je? Jina lenyewe lilizaliwa hapa mpakani, miaka ya 1960 na iliyofuata, wakati vijana wenye baiskeli walipokuwa wakiwavusha abiria na mizigo kutoka kituo cha upande mmoja hadi cha upande wa pili. Ni neno la Kizungu la mpaka lililotamkwa mara mbili. Leo neno hilo limeenea Afrika Mashariki nzima, na sisi tunajivunia. Basi mchezaji anayevuka mpaka huo huo kwa miguu ile ile inayomlisha, mbona tunamwita mtoro?

Nasema haya kwa sababu ninayo nyumbani. Kaka yangu mkubwa ni mchezaji wa aina hiyo. Kwa miaka minane alichezea klabu sita, tatu za humu nchini na tatu za nje, zote za madaraja ya chini. Hamjamwona kwenye runinga. Siku hizi ana pikipiki, na jioni anawafunza watoto wa mtaa wetu mpira. Vijana wenzake wamembandika jina: wanamwita "Marudio", kama ile mechi ya jana inayoonyeshwa tena usiku. Yeye hucheka nao. Mimi sicheki. Nyumba ya mama ya mabati, yenye vyumba vitatu, ni yeye aliyeijenga, chumba kimoja kwa kila msimu mzuri. Karo yangu ya kidato cha kwanza na cha pili ilitoka katika magoti yake. Mimi ninayeandika Kiswahili hiki mnachosoma nimesomeshwa na kandanda. Sasa mtu akiniambia kandanda si kazi, nimjibu nini? Nimrudishie karo?

Hata hivyo sitaki mnielewe vibaya. Sijaja hapa kuwaambia mfunge vitabu. Aisifuye mvua imemnyea, na sisi nyumbani imetunyea ikatulowesha. Kaka yangu aliacha shule akiwa kidato cha tatu, darasa hili hili langu. Klabu yake ya tano, ambayo sitaitaja, ilikaa miezi minne bila kumlipa. Alipoudai mshahara aliulizwa: mkataba wako uko wapi? Ulikuwa umeandikwa kwa Kiingereza cha mawakili, akautilia sahihi juu ya boneti ya gari siku ya kwanza, na nakala ilikuwa moja tu, nayo ilibaki kwao. Mali bila daftari hupotea bila habari. Akarudi kupitia Malaba na begi lile lile aliloondoka nalo.

Na si yeye peke yake. Mwaka 2016 chama cha wachezaji wa dunia, FIFPRO, kilitoa ripoti iliyowauliza karibu wachezaji 14,000 katika nchi 54. Asilimia 41 walisema kwamba katika miaka miwili iliyotangulia walicheleweshewa mishahara. Zaidi ya asilimia 45 walikuwa wakipata chini ya dola 1,000 kwa mwezi. Kwa wastani mkataba wa mchezaji haukufika miaka miwili. Hiyo ni dunia nzima, sembuse sisi! Hapa Kenya, Agosti mwaka 2019 kampuni ya kamari iliyokuwa ikiidhamini ligi kuu ilijiondoa, na wachezaji wengi wakacheza kwa njaa. Mwaka huo huo SoNy Sugar, timu ya kiwanda cha sukari cha Awendo iliyokuwa bingwa mwaka 2006, iliondolewa ligini baada ya kushindwa kufika katika mechi tatu. Wakulima wa miwa wa kaunti yetu wanajua kiwanda kikiugua nani huugua pamoja nacho. Mchezaji naye yumo.

Kwa hiyo tusidanganyane upande wowote. Kandanda ni kazi, lakini ni kazi fupi yenye waajiri wengi wasioaminika. Kazi ya namna hiyo haimfai mtu asiyejua kusoma mkataba. Yeye ndiye anayehitaji elimu kuliko daktari, kwa sababu daktari hutia sahihi mkataba mmoja akakaa nao miaka ishirini. Mchezaji wa kuhamahama hutia sahihi kila mwaka, mara nyingine katika nchi ngeni, mbele ya watu ambao hatawaona tena.

Kwenu wanafunzi wenzangu mnaotandaza gozi vizuri, na mnajijua, nina maneno manne.

Kwanza, malizeni kidato cha nne. Msinijibu kwamba Wanyama hakuulizwa cheti. Ninyi si Wanyama, na huenda mkawa Wanga, ambayo pia ni heshima kubwa. Tena ziko timu humu nchini za taasisi: Ulinzi Stars ya jeshi, Kenya Police waliotwaa ubingwa wa ligi msimu wa 2024/25, Bandari, KCB. Timu ya jeshi ni ya wanajeshi, na jeshi huandika watu wenye cheti cha KCSE. Mchezaji wa huko akichoka miguu bado ana kazi yake. Kaka yangu aliwahi kuitwa kujaribiwa na timu ya taasisi moja, wakampenda uwanjani, kisha wakamwomba cheti. Usiache mbachao kwa msala upitao.

Pili, jueni umri. Kwa kanuni za FIFA mchezaji haruhusiwi kuhamia klabu ya nchi nyingine kabla ya kutimiza miaka 18. Ajenti akija hapa na kumwambia mtoto wa miaka 16 kwamba amempatia timu ng'ambo ya bahari, huyo ni tapeli au ni mvunja sheria. Yapo masharti machache yanayolegezwa, na mojawapo linatuhusu sisi wa mpakani moja kwa moja. Mchezaji anayeishi ndani ya kilomita 50 kutoka mpakani anaweza kusajiliwa na klabu ya nchi jirani iliyo ndani ya kilomita 50 kutoka mpaka huo, mradi kutoka kwao hadi klabuni kusizidi kilomita 100, aendelee kulala nyumbani kwao, na mashirikisho ya nchi zote mbili yakubali. Pimeni wenyewe: kutoka Malaba hadi Tororo ni mwendo mfupi. Maana yake ni kwamba kijana wa Malaba anaweza kucheza Tororo kihalali na jioni akarudi kwa mamake, na kesho yake akawa darasani. Ni nani aliyewahi kutuambia hivyo?

Tatu, jueni hesabu ya pesa. Ukiahidiwa milioni moja ya Uganda usiruke juu. Nenda pale mpakani kwa wale wabadilishaji wenye mabunda ya noti uwaulize. Haifiki elfu arobaini za kwetu. Ondoa kodi ya chumba, chakula, na pesa ya kutuma nyumbani, halafu uamue.

Nne, dai nakala yako. Mkataba ambao huna nakala yake ni hadithi. Na jueni kwamba mchezaji aliye katika klabu ya nchi nyingine asipolipwa mishahara ya miezi miwili bila haki, kanuni iliyoanza mwaka 2018 inampa ruhusa ya kuuvunja mkataba kwa sababu halali, baada ya kuiandikia klabu barua ya madai na kuipa siku 15 angalau. Kaka yangu alisubiri miezi minne kwa sababu hakuna aliyemwambia miwili ilitosha. Humu nchini kuna chama cha kutetea wachezaji, KEFWA, ambacho ni mwanachama wa FIFPRO. Anayecheza na ajiunge.

Kwa walimu na wazazi wetu nasema kwa heshima na taadhima, maana mtoto hamfundishi mzazi. Mnaposema "mpira hauna faida" mnatutakia mema, tunajua. Lakini neno hilo halimfanyi kijana mwenye kipaji kuacha mpira. Linamfanya aufiche. Anaanza kukutana na maajenti gizani, na siku ya kutia sahihi anakwenda peke yake, kwa sababu nyumbani alikatazwa hata kulitaja jambo hilo. Kama kaka yangu angekuwa na mwalimu mmoja wa kumsomea ile karatasi, miezi minne ingekuwa miwili. Mwalimu wa Kiingereza angetosha.

Zaidi ya hayo, liko jambo la haki. Darasa letu ndilo la mwisho la mfumo wa 8-4-4. Wadogo zetu walioingia Darasa la 10 mwaka 2026 wana mkondo mzima wa Sanaa na Sayansi ya Michezo, uliotambuliwa na serikali sawa na ule wa sayansi. Wao wakisema michezo ni kazi, kitabu kinawaunga mkono. Sisi tulio mbele yao kwa hatua moja tu tukisema maneno hayo hayo, tunaambiwa tumepotoka. Kipaji hakikuzaliwa na mfumo mpya.

Tena kuna fedha ambazo sehemu zetu huziacha zikipita kama maji ya Mto Malaba. Mchezaji akiuzwa kutoka nchi moja hadi nyingine mkataba wake ukingali hai, FIFA hutaka asilimia 5 ya bei igawanywe kwa klabu zilizomlea tangu miaka 12 hadi 23. Klabu hizo ni zile zilizosajiliwa na kuweka kumbukumbu. Timu zetu za mitaa ya Busia, Adungosi, Nambale na Amukura zinalea watoto kila jioni, viatu vikiwa vya kuazimana, lakini nyingi hazina hata daftari la majina. Akitokea mmoja akauzwa, tutaanza kupiga kelele kwamba ni mtoto wetu, na karatasi hatuna.

Najua atatokea mtu aseme: "Wewe unasifu kazi ambayo imemrudisha kaka yako kwenye boda boda." Swali zuri. Jibu langu ni kwamba kila kazi ya mwili ina mwisho. Mwanajeshi hustaafu mapema, mbeba mizigo wa mpakani huvunjika mgongo akiwa na miaka arobaini, na hatusemi kwamba hawakufanya kazi. Kilichomwangusha kaka si mpira, ni kuuingia bila cheti na kuutoka bila karatasi. Hayo mawili yanarekebishika, na yanarekebishikia hapa shuleni. Wengine watasema kwamba wanaofika hata daraja la kaka ni wachache. Ni kweli. Ndiyo maana nimeanza na kidato cha nne, sikuanza na viatu.

Agosti mwaka 2025 michuano ya CHAN ilipochezwa Kenya, Uganda na Tanzania, sote tulisongamana mbele ya runinga. CHAN ni ya wachezaji wa ligi za nyumbani peke yao. Wale vijana waliotufikisha robo fainali, kabla Madagaska hawajatutoa kwa penalti, hawakutoka Ulaya. Wengi wao wameshapita klabu mbili, tatu, nne za humu humu. Tuliwashangilia hadi sauti zikakauka. Ni watu wa kundi lile lile la "Marudio", tofauti ni kwamba siku hiyo walikuwa kwenye kioo.

Namalizia kwa ombi kwa chama chetu. Mikataba ya wachezaji huandikwa kwa Kiingereza, nasi ni chama cha Kiswahili. Napendekeza muhula ujao tutafute mkataba wa mfano, tuufasiri kifungu kwa kifungu kwa Kiswahili ambacho kijana wa mtaani anakielewa: mshahara, muda, matibabu, kuvunja mkataba, nakala. Mwalimu mlezi atusahihishe, na katika toleo lijalo la gazeti hili tuchapishe kurasa zake mbili. Nakala nyingine tuzipeleke katika viwanja vya mazoezi, Busia na Malaba. Kaka yangu amekubali kuja kutueleza vifungu vinavyoficha miba, na ameniahidi kwamba hatalipisha. Mimi nimejitolea kuandika. Nahitaji wenzangu watano, na angalau wawili wawe wale waliopiga kura kwamba kandanda si kazi.

Anayetaka anione darasani kwetu, Kidato cha Tatu.